Kombi ya Kioo Kimoja

Bi Sichana alikuwa akijisifu kwamba toka Nungwi mpaka Makunduchi hapana mwanamke anayezijua kombi kama yeye. Watu wakishakubali, wakishatikisa vichwa, mwenyewe huongeza: "Na si kwamba wenzangu wajinga. Wenzangu wana akili, hawakununua."

Usukani hajapata kuushika. Siku moja alibonyeza honi, honi ikakwama, Mlandege nzima ikatoka madirishani ikidhani pana moto. Lakini mumewe, Bwana Mkubwa, kazi yake ilikuwa kuchukua watu wa harusi na wa maziko, na haikununuliwa kombi nyumbani kwao mpaka Bi Sichana aizunguke, aigonge, ainuse, na aitie ila mbili tatu ili mwenye kuuza asijione. Sifa zake zikaenea. Mtu akitaka gari mkononi mwa mtu, hupita kwanza barazani kwa Bi Sichana.

Kombi ya kwanza waliipata mwaka sitini na nne, baada ya Mapinduzi, kwa Mgoa mmoja mpiga picha wa Shangani aliyekuwa akifunga virago vyake. Ilikuwa ya mtindo ule wa zamani: kioo cha mbele vipande viwili, katikati kuna mfupa, na uso umechongoka kama wa mtu aliyepewa habari asiyoiamini. Milango ya ubavuni ilifunguka huku na huku kama kabati la nguo. Mama yake Bi Sichana alivuka kutoka Tumbatu makusudi kuja kuitazama. Akaizunguka mbele, hakuona pa kufungua.

"Mashine iko wapi?"

"Nyuma, mama."

Yule mzee akaenda nyuma, akaiona, akarudi mbele tena kuhakikisha. "Mwanangu," akasema kwa huruma, "mumeo kauziwa gari kinyumenyume."

Kinyumenyume hivyo hivyo ikawapa heshima. Ilikuwa na ugonjwa mmoja: ikipakia wanawake walioshiba, husimama njiani kama inafikiri. Harusi kadhaa wageni walishuka na kanga zao mpya wakasukuma, huku wakipiga vigelegele ili wapita njia wadhani ndiyo desturi ya harusi yenyewe. Na Bi Sichana wakati wote huo amekaa mbele, kando ya mumewe, hashuki. Alisema kuna mtu lazima abaki aangalie usukani.

Ya pili ndiyo iliyomsomesha. Mwaka sitini na nane, mtu mmoja wa Malindi alikuwa na kombi ya vioo viwili vilevile, lakini ya baadaye kidogo, kioo cha nyuma kimepanuliwa, unaona barabara uliyoiacha kama unatazama senema. Rangi mpya. Tena ndani imefukizwa udi! Bi Sichana aliingiza kichwa, akavuta pumzi, akamgeukia mumewe. "Huyu mtu mstaarabu. Anayefukiza gari yake udi, mashine yake ataacha kuitia mafuta?"

Wakaichukua. Baada ya wiki udi ukatoka. Jua la kwanza la kiangazi likaipiga bati, na kwenye viti ikapanda harufu ya papa mkavu. Yule mstaarabu kumbe alikuwa akisomba papa. Bibi harusi mmoja alishuka njia ya Bububu amejiziba pua na ushungi wake. Paka wa Darajani wakawa wanaisindikiza kombi kila inapopita, mikia juu, kama askari. Mwisho waliipeleka kwa mchuuzi wa samaki, naye akainusa akasema, hasa, hii ndiyo niitakayo. Wao wakabaki na ile ya kwanza.

Tangu hapo Bi Sichana akawa na neno lake, akilisema mpaka watu wakalihifadhi: "Kombi ya mkononi, usianze na macho. Macho yanapenda rangi. Iache ifungwe, ipigwe jua, kisha fungua mlango unuse kabla hujasema hata bismillahi ya kuingia. Ikinuka petroli, utaitengeneza. Ikinuka kutu, utafikiri. Ikinukia udi, muulize mwenyewe anaficha nini."

Sasa hapa lazima msomaji ajue kwamba Bwana Mkubwa alikuwa na wake wawili. Wa pili alikuwa Bi Shemsa, akikaa Mwanakwerekwe, huko ambako nyumba zilikuwa zikianza kuchipua kila mtu na kiwanja chake. Mkubwa alilala siku mbili kwa huyu, siku mbili kwa huyu, na watu wakimsifu kwa uadilifu. Bi Sichana hakuwa na wivu. Alisema hivyo mwenyewe, na kwa kweli miaka yote ile hakupata kumrushia mwenzake neno. Walipikiana, walizikiana. Kitu kimoja tu alimnyima, nacho ni udi wake. Udi ule ulikuwa wa nyanya yake wa Tumbatu: aliuchemsha kwa sukari na marashi kama watu wote, lakini akatia maganda ya chungwa yaliyokaushwa uvunguni, na kitu kingine ambacho hakukitaja. Harufu yake ukiisikia kichochoroni unajua Bi Sichana kapita, na kapita zamani. Bi Shemsa alipomwomba amfunze, alimwambia, "Nimesahau, mwenzangu," huku chungu kinachemka nyuma yake.

Basi, mwaka sabini na mbili Mkubwa akasikia kwamba Dar es Salaam kuna mtu anaiacha kombi ya mtindo mpya. Bi Sichana hakuweza kuvuka naye, mguu ulikuwa ukimsumbua. Akamkalisha barazani akamfunda kama anamfunda mwari.

"Nenda asubuhi, kabla hawajakutarajia. Kwanza weka kiganja kwenye bati la nyuma, kwenye mashine. Ikiwa na joto, washaiwasha wakikungoja. Maana yake ikiwa baridi haiwaki. Rudi zako."

"Ikiwa baridi?"

"Waambie wawashe, wewe simama nyuma utazame moshi. Wa buluu, inakula oili. Kisha igonge kwa vifundo vya vidole, chini kule, karibu na matairi. Bati zima lina sauti kali. Ukisikia bu, kama unagonga boga, hapo pamejazwa lipu na kupakwa rangi. Halafu vua viatu."

"Nivue viatu Dar es Salaam?"

"Uvue. Inua mkeka wa sakafuni, ukanyage kwa kidole gumba, pembeni, penye miguu ya dereva. Gari iliyokaa pwani huoza kuanzia pale. Kidole kikizama, itakuwa siku moja unakwenda Mkokotoni kwa miguu yako mwenyewe ndani ya gari. Na kunusa?"

"Kunusa kwanza," akasema Mkubwa.

"Mume wangu huyo."

Akaenda, akafanya yote, hata viatu alivua. Kombi ikaja, ikashushwa bandarini kwa winchi, na waliokuwepo walisema wapagazi waliacha mizigo wakaja kutazama. Kioo cha mbele kimoja, kizima, kimepinda huku na huku, kipana kama dirisha la duka. Juu nyeupe, chini kijani ya ndimu changa. Na mlango wa ubavuni haufunguki kama kabati: unausukuma kwa mkono mmoja, unateleza wenyewe nyuma, shwaaa, kisha tku. Bi Sichana aliisikia ile shwaaa kwa wasimulizi tu. Maana kombi ilitoka bandarini, ikapita Darajani, ikaipita Mlandege bila kupunguza mwendo, ikaenda kulala Mwanakwerekwe.

"Kule kuna uwanja," Mkubwa alimweleza zamu yake ilipofika. "Hapa kwako barabarani, mikokoteni itaikwaruza."

"Ile ya zamani haikwaruzwi?"

"Ile imeshakwaruzwa. Tena, mke wangu, tizama uadilifu. Wewe una kombi mlangoni, mwenzio hana. Sasa kila mmoja ana yake."

Bi Sichana aliinuka akaenda jikoni, akaiangalia sufuria mpaka chai ikakauka. Kumbe! Kiganja chake yeye, vifundo vyake yeye, pua yake yeye, na kidole gumba alichomwazima mumewe, vyote vimekwenda kumchagulia Shemsa kombi! Angalipewa Shemsa dhahabu, yeye asingalijali. Dhahabu haipigi shwaaa. Usiku akilala alikuwa akimwona Shemsa amekaa mbele, nyuma ya kile kioo kizima, uso wake wote unaonekana, haukukatwa na mfupa. Yeye miaka minane uso wake umepita Unguja nusu huku, nusu huku.

Ndipo akaanza maneno. Kwanza madogo. Kwamba kioo kikubwa hivyo kikivunjika hapatapatikana kingine. Kwamba mlango wa kuteleza ni wa bohari, si wa watu. Halafu siku ya kisomo nyumbani kwa wifi yake, Bi Wanu, dada yake Mkubwa, mbele ya wanawake chumba kizima, pamoja na Bi Shemsa mwenyewe aliyekuwa akigawa haluwa, akaapa.

"Kombi ile mimi sijatia mguu wangu ndani yake na sitatia. Na Mkubwa, tangu ailete, kanzu yake haijapita juu ya chetezo changu cha udi, wala haitapita. Anukie petroli."

"Bi Sichana, kanzu nayo ina kosa gani?" mmoja akacheka.

"Inakaa kwenye kiti cha kombi ile."

Bi Shemsa akamwekea haluwa kisahanini, kipande kikubwa kuliko vya wengine, akaendelea mbele. Hilo nalo likamchoma.

Mambo yakawa mazito pale Bi Wanu alipomwoza binti yake, Mwanakheri, kwa kijana wa Makunduchi. Harusi ikafanywa Mlandege, fungate ikakaribia kwisha, na sasa bibi harusi apelekwe kwa mumewe, shamba kule kusini, na somo wake aliyemfunda, na vyombo vyake, na wanawake wa kumtia nyumbani. Ataingia Makunduchi kwa kombi ipi? Wa Makunduchi watasimama njiani kutazama. Ikienda ya zamani, Bi Sichana ndiye anayekaa mbele kando ya Mkubwa, mkewe mkubwa, mwenye gari. Ikienda mpya, mbele ni pa Shemsa, na yeye Bi Sichana atafuata nyuma kwenye vioo viwili vyake, ikiendeshwa na shemeji yake aitwaye Mmanga, anakula vumbi la mwenzake mpaka Jozani, kima punju nao watoke msituni wamcheke.

Akamwendea Bi Wanu. "Wifi, mimi sipendi kusema. Lakini mtoto wa mwenzio ni wako. Sakafu ya kombi ile imeoza."

"Imeoza! Mkubwa kaniambia kaikanyaga kwa kidole."

"Kidole cha Mkubwa? Kina gaga gumu lile, hata kikizama hakijui."

Bi Wanu hofu ikamwingia. Ndiye mtu aliyejua kwamba wifi yake hasemi kombi ovyo. "Basi siku hiyohiyo tutaitizama sote, kabla mtoto hajapanda. Utaikagua wewe mbele yetu. Ukisema mbovu, atapanda ya zamani."

Bi Sichana alirudi kwake na furaha iliyomdumu mpaka mlangoni. Hapo akakumbuka kwamba ile sakafu hajapata kuiona.

Siku ikafika. Asubuhi Mkubwa aliiosha kombi mpya, akaiegesha barabarani ubavuni mwa nyumba ya dada yake, akafunga vioo vyote vumbi lisiingie, akavuta mapazia mapya aliyoyashona Bi Shemsa. Karibu na adhuhuri akapita kwa Bi Sichana kutia udhu, akauacha ufunguo mezani, akaenda msikitini na wanaume wote wa mtaa. Wanawake walikuwa jikoni kwa Bi Wanu, na pilau.

Bi Sichana alikuwa ameshajipamba. Alianza na alfajiri: nywele juu ya chetezo, kanga juu ya chetezo, gauni juu ya chetezo, hata buibui lilikunywa moshi. Aliutazama ufunguo. Akajiambia, mkaguzi lazima ajue anachokwenda kukisema. Nikiijua ila yenyewe ilipo, nitaisema kwa ushahidi. Huo si uongo, ni maandalizi.

Akauchukua, akatoka. Barabara ilikuwa tupu. Akaushika mlango, akausukuma kidogo tu. Shwaaa. Tku. Moyo wake ukateleza pamoja nao. Akaufunga, akaufungua tena. Kisha akaingia, akajifungia.

Aliinua mkeka, akavua kiatu, akakanyaga. Gumu. Akaenda mbele penye miguu ya dereva, akakanyaga kwa kidole, kwa kisigino, mwisho akasimama na uzito wake wote akijirusharusha huku ameshika kiti. Kombi ilipata kutikisika, sakafu haikulalamika. Akagonga bati kwa ndani, kote. Sauti kali, kali, kali. Hata kutu ya kutilia doa hakuna! Mumewe alimsikiliza neno kwa neno. Hapajanunuliwa kombi nzuri kama hiyo Unguja, na aliyeinunua ni yeye, Sichana, kwa mdomo wake.

Akenda kiti cha nyuma kabisa, akakaa nyuma ya pazia. Alikusudia kukaa kidogo. Kiti kilikuwa laini. Akajiegemeza, akamwona Shemsa mbele, akamwondoa, akajiweka yeye. Akaingia Makunduchi, watu wamesimama, uso wake mzima kiooni. Jua likipiga bati, jasho likimtoka, naye anapunga mkono polepole kwa watu ambao hawapo, mpaka aliposikia kanzu za watu zinatoka msikitini. Akaruka nje, akaurudisha mlango, akafunga, na Mkubwa alipoingia kwake ufunguo ulikuwa mezani pale pale, na Bi Sichana anakunywa maji.

Baada ya alasiri wakatoka wote, kama wasemavyo, mpaka na waliolala. Mwanakheri amefunikwa, somo kamshika mkono. Bi Shemsa yuko kando na kikapu chake. Mkubwa na ufunguo. Kombi ya vioo viwili nayo imesogezwa, Mmanga kaishika usukani, taa zake mbili zikitazama kama zinamwombea mwenyewe.

"Haya, wifi," akasema Bi Wanu. "Tukague."

Bi Sichana akasimama hatua kadhaa mbali, akakunja mikono. "Mimi siingii. Nimeapa mbele yenu. Lakini sina haja ya kuingia, kombi mimi naijua kwa nje. Tizama ilivyokaa, imelegea kati. Sakafu hiyo imekwisha. Harufu ya kutu nnaisikia mpaka hapa nilipo."

"Kutu?" akauliza Mkubwa.

"Kutu. Mtoto apande ile ya zamani, aliyopanda kila mtu, afike salama."

Wanawake wakaguna. Somo akaanza kumgeuza bibi harusi kuelekea vioo viwili. Moyo wa Bi Sichana ukaanza kushangilia. Akalisawazisha buibui lake tayari kwa kukaa mbele.

"Ngojeni," akasema Bi Wanu. "Nshafundishwa na wifi yangu mwenyewe. Gari ifungwe, ipigwe jua, kisha ufungue unuse. Hii imefungwa tangu asubuhi. Mkubwa, nipe ufunguo, hiyo kutu niisikie na mimi."

"Hakuna haja ya kujichosha—" akasema Bi Sichana.

Shwaaa. Tku.

Joto likatoka kwanza, kama tanuri la mikate. Nyuma ya joto ukatoka udi. Ulitoka taratibu, kwa madaha, sukari iliyoungua, marashi, maganda ya chungwa, na kile kitu kingine kisichotajwa. Ukashuka kombini, ukapita katikati ya wanawake, hakuna ambaye haukumsalimu. Mwanakheri, chini ya ushungi wake, akavuta pumzi. "Mke wa mjomba kapanda?" akauliza.

Bi Wanu akaingiza kichwa. Akanusa kiti cha dereva, akatikisa kichwa. Akanusa cha kati. Akaenda nyuma kabisa, akavuta pazia, akakaa kidogo huko. Aliposhuka macho yake yalikuwa yakimeremeta.

"Wifi yangu, ulitufundishaje? Kombi ikinukia udi?"

Bi Sichana akakohoa. "Nilisema... muulize mwenyewe anaficha nini."

"Basi nnakuuliza."

"Mimi? Hiyo itakuwa kanzu ya Mkubwa! Si mume wangu? Ajabu gani akinukia udi wa nyumbani kwake?"

Macho yote yakamgeukia Mkubwa. Yule bwana akainua mkono wa kanzu, akanusa, akampelekea dada yake.

"Sabuni," akasema Bi Wanu.

"Ya kipande," akasema Bi Shemsa kwa upole, na ndilo neno lake la kwanza siku ile. "Naifua mimi. Tangu kombi ije haijaona moshi, si mwenzangu uliapa tukisikia?"

Vicheko vikaanza nyuma, kwa wale wa jikoni, vikaja mbele. Bi Sichana akalivuta buibui lake, na kila akilivuta ndivyo linavyozidi kunukia.

"Haya tuseme ni kanzu," akasema Bi Wanu. "Niambie hili moja tu, maana nampandisha mwanangu. Mle ndani, ulipoikanyaga sakafu, ilizama au haikuzama?"

"Haikuzama hata kidogo!" akajibu Bi Sichana kwa hasira, kwa kuwa ni kombi aliyoichagua mwenyewe. "Nimeirukia!"